Neno MBUZI na Maana Zake

Katika nchi ya Nyegina, karibu na mji wa Musoma, hakuna mtoto asiyemjua mbuzi. Asubuhi humtoa zizini, mchana humchunga penye majani, na jioni humrudisha nyumbani. Kwa hiyo mtoto hudhani ya kuwa neno hili amekwisha kulijua lote. Lakini Mkwaya, Mjita au Mzanaki aliyejifunza Kiswahili shuleni aweza kulijua neno kwa maana moja tu, na ile nyingine ikamshangaza ugenini.

Mfano wake ni huu. Mtoto wa Nyegina amekwenda kukaa kwa shangazi yake aliyeolewa Bagamoyo. Shangazi amwambia, "Mwanangu, niletee ile mbuzi iliyo nyuma ya mlango." Mtoto atazama nyuma ya mlango, asione mnyama wala kamba. Aona kiti kifupi cha mbao chenye ulimi wa chuma, naye arudi mikono mitupu. Kumbe kile kiti ndicho alichotumwa.

Watu wa pwani hukiita chombo hicho mbuzi ya kukunia nazi. Mbao zake mbili hupishana, zikasimama kama miguu ya mnyama, na mbele hutokeza chuma chenye meno. Mpishi hukaa juu yake, akakuna kifuu cha nazi katika meno yale mpaka nyama yote nyeupe imeanguka katika sahani. Kisha nazi hutiwa maji na kukamuliwa kwa kifumbu, likapatikana tui la kupikia wali na mchuzi. Huku Nyegina minazi si mazao ya nchi. Basi si ajabu mtoto kutokijua chombo hiki.

Je, mtoto yule angewezaje kutambua? Angalisikiliza vizuri, angalitambua. Shangazi hakusema, "Niletee yule mbuzi aliye nyuma ya mlango." Alisema, "ile mbuzi iliyo." Mnyama ana roho, kwa hiyo husemwa: mbuzi huyu, mbuzi wa baba, mbuzi amelala. Chombo hakina roho, kwa hiyo husemwa: mbuzi hii, mbuzi ya shangazi, mbuzi imevunjika. Neno ni moja, lakini maneno yanayolifuata hufungua maana yake. Ni vivyo hivyo kwa neno ndege. Ndege ametua mtini, huyo ni kiumbe mwenye mbawa. Ndege imetua Musoma, hicho ni chombo cha kusafiria.

Maana hizo mbili, ya mnyama na ya chombo, zimo katika kamusi. Lakini watu hulitumia neno hili kwa njia nyingine pia. Mtu mjinga huitwa mbuzi, nalo ni tusi. Mtu asiyesikia la kuambiwa, watu husema kwamba kumshauri ni kumpigia mbuzi gitaa. Anayenunua kitu bila kukikagua ameuziwa mbuzi kwenye gunia.

Katika Biblia, kitabu cha Walawi, sura ya 16, yasimuliwa habari ya mbuzi wawili. Mmoja alichinjwa awe sadaka. Juu ya kichwa cha wa pili Haruni aliweka mikono yake, akaungama dhambi za watu wote, kisha mnyama yule akapelekwa jangwani. Ndiyo sababu mtu anayebebeshwa makosa ya wenzake huitwa mbuzi wa kafara.

Mbuzi dume naye ana jina lake, beberu. Beberu huwasukuma wengine kwa pembe zake na kujifanya mkubwa wa zizi. Katika siasa, taifa linalotawala mataifa mengine kwa nguvu likaitwa beberu, na desturi hiyo ikaitwa ubeberu. Hivyo neno la zizini likaingia katika hotuba za viongozi na katika magazeti.

Iko na methali: Mbuzi hula kwa urefu wa kamba yake. Mwenye busara huielewa kuwa ni onyo: mtu na atumie kwa kadiri ya mapato yake, asitamani kisichomfikia. Lakini wako waliogeuza maana yake. Karani akila fedha za watu, au mwenye ghala akiiba mahindi aliyopewa ayalinde, husema, "Mbuzi hula kwa urefu wa kamba yake," kana kwamba kazi ni kamba na mali ya watu ni majani. Maneno ni yale yale. La kwanza ni shauri jema, la pili ni kisingizio cha mwizi. Mbuzi hajui shamba ni la nani, lakini mtu ajua.

Basi mwanafunzi asikiapo neno alilolizoea, asiharakishe kusema, "Nalijua." Atazame kwanza maneno yanayolifuata, tena amtazame anayelisema na kusudi lake.

MASWALI
1. Kwa nini mtoto alirudi mikono mitupu?
2. Jaza: Mbuzi ___vunjika. Mbuzi ___mezaa.
3. Mbuzi wa kafara ni mtu wa namna gani?
4. Neno beberu lina maana gani zizini, na gani katika siasa?
5. Eleza njia mbili za kuitumia methali ya mbuzi na kamba. Ipi ni ya haki?