Nimebaki na majina matatu tu

SWALI: Nilikulia kambi ya wakimbizi ya Kakuma, Kenya, sasa naishi mtaa wa Munuki, Juba. Baba, aliyekuwa wa kabila la Wabari, alifariki nikiwa mdogo. Najua jina langu, lake na la babu. Nitaupataje ukoo wangu?

JIBU: Pole sana, ndugu yangu. Majina hayo peke yake hayatakufikisha mbali. Kwa Wabari, majina kama Lado, Wani au Pitia huonyesha mtoto alizaliwa wa ngapi, kwa hiyo akina Wani Lado wamejaa kila kijiji. Tafuta kwanza jina la ukoo na kijiji cha babu. Kisha uliza bibi yako aliolewa kutoka ukoo gani. Mzee aliyesahau mwaka bado atakumbuka nani alitoa ng'ombe wa mahari na nani alipokea, na hapo ndipo matawi ya ukoo hujitokeza. Nenda mapema, maana wazee hao wanapungua.

Ikiwa familia ni ya Wakatoliki, ulizia vitabu vya ubatizo parokiani, mathalani katika Kanisa Kuu la Mtakatifu Teresa, Kator, hapo Juba. Humo huandikwa majina ya wazazi na wasimamizi wa ubatizo. Tarehe usiziamini upesi: "Januari 1" kwenye karatasi za wakimbizi mara nyingi ni makadirio ya karani.