SIMU, MCHEZO NA GUMZO: TUFICHE NINI, TUACHE NINI WAZI?

Somo la mara hii linaweza kuonekana la kitoto. Najua kuna watakaosema, "Sisi tuna shida ya maji na mikopo, na huyu anatuletea habari za gemu." Ngojeni kidogo. Mwaka huu nimekaa katika mikutano miwili ya vikundi ambapo watu walikaribia kutengana, na chanzo chake kilikuwa ni mchezo wa Ludo kwenye simu.

Tuanze na mchezo tunaoujua. Hapa pande za ziwa wazee walicheza ajua chini ya mti, na wengine bado wanacheza. Wachezaji ni wawili, lakini waliosimama kandokando ni kumi. Mmoja anasema "weka hapo," mwingine anasimulia habari za ng'ombe aliyepotea, wa tatu anacheka tu. Mchezaji hodari alikuwa yule anayejua kuziba masikio bila kumtusi mtu. Lakini hata huyo, mtu akija mbio kutoka nyumbani na kumwita kwa jina kwa sababu mtoto ana degedege, alisikia mara moja na kuinuka.

Sasa ajua imeingia mfukoni, na wale kumi wanaosimama kandokando wameingia nayo. Wako ndani ya WhatsApp. Grupu ya chama, grupu ya ukoo, grupu ya wazazi wa shule, grupu ya mazishi ya mwaka juzi ambayo hakuna aliyeifunga. Unatupa dadu, na meseji inashuka kutoka juu inafunika ubao. Unataka kuisukuma, kidole kinateleza, unajikuta unasoma habari ya mtu anayeuza kuku.

Jambo hili si geni sana. Wale waliokuwa wakienda saiba mjini Kisumu miaka ya 2009 na 2010 wanakumbuka FarmVille, ule mchezo wa shamba ndani ya Facebook. Ulianza mwaka 2009 ukafungwa mwisho wa 2020. Unapanda nyanya za kwenye kompyuta, na pembeni marafiki wanakusalimia "niaje" wakati dakika zako za saiba zinaisha. Vijana wakajifunza kuzima chati wakati wa kucheza. Walikuwa wanalinda shilingi zao za dakika. Leo sisi tuna zaidi ya dakika za kulinda.

IGIZO FUPI

Mwezeshaji aombe watu watatu. Mmoja awe nyanya, mmoja mjukuu wa miaka kumi, na mmoja mtoto wa jirani.

MJUKUU: Dani, nipe simu nicheze Ludo kidogo tu.

DANI: Chukua, lakini usimalize chaji.

MJUKUU: (anacheza, mtoto wa jirani amesimama nyuma yake) Ah! Hii meseji imefunika ubao!

MTOTO WA JIRANI: Hebu nione. "Unakumbushwa... kliniki... dawa zako..." Dani, kwani wewe unaumwa nini?

(Dani ananyamaza. Igizo linaishia hapo.)

Mwezeshaji asiharakishe. Awaulize watu waliona nini, na Dani alijisikiaje. Nilipofanya igizo hili na kikundi kimoja cha akina mama si mbali na Kisumu, nilitarajia watacheka. Hakuna aliyecheka. Mama mmoja alitoka nje akakaa kidogo, kisha akarudi. Hatukumuuliza neno, na ninaomba wawezeshaji wengine pia wasiulize.

Sisi tunaofanya kazi ya jamii tumefundishwa kwamba siri ya mtu ni mali yake. Nilisoma hivyo kwenye diploma na nimerudia mara nyingi katika semina. Kumbe siri inaweza kutolewa na dadu! Mtu amekaa miaka akichagua ni nani atamwambia na nani hatamwambia, halafu mstari mmoja unashuka juu ya mchezo na kijiji kizima kinajua kabla ya jua kuzama. Kwa hivyo kuficha meseji wakati mtoto anacheza na simu yako si maringo, na wala si dalili kwamba una mpango wa kando. Akina baba, na ninyi sikieni hapo. Nimeona nyumba ikigombana kwa sababu mke alizima meseji zisionekane, mume akadhani kuna mtu.

JINSI YA KUFANYA

Nitaeleza kwa simu za Android kwa sababu ndizo nyingi kwetu. Majina ya vitufe hubadilika kutoka simu moja hadi nyingine, kwa hivyo mwenye kikundi awe na kijana wa kuonyesha.

Njia ya haraka kabla ya kumpa mtoto simu: vuta kioo kutoka juu kwenda chini, utaona vitufe vidogo. Kimoja ni cha hali ya kutosumbuliwa. Simu iliyowekwa Kiswahili huandika "Usinisumbue". Ukikibonyeza, simu inanyamaza. Katika mipangilio yake unaweza kuruhusu watu fulani wapite, kwa mfano mume, binti yako, mhudumu wa afya wa kijiji. Na kuna mpango mwingine mzuri sana humo ndani: mtu akikupigia mara ya pili ndani ya dakika 15, simu ya pili inalia. Hakikisha umewashwa, kisha waambie watu wako: ikiwa ni dharura, piga mara mbili.

Hali hii huzima sauti, lakini katika simu nyingine maandishi bado yanaweza kushuka usipochagua yafichwe pia. Jaribu kwanza: iwashe, mwambie mwenzako akutumie meseji, uangalie. Simu nyingi za Samsung, Tecno na Infinix zina hali ya mchezo, ambayo huzuia meseji zisifunike gemu. Hiyo nayo ijaribuni pamoja kikundini.

Kwa meseji inayokuja kila mara na hutaki ishuke juu ya kioo, ikifika ibonyeze na uishikilie kidogo, utapewa nafasi ya kuchagua iwe kimya. Itaendelea kufika, lakini itakaa pale juu imetulia mpaka wewe mwenyewe uitafute.

Kwa grupu ya WhatsApp, ifungue, bonyeza jina lake pale juu, tafuta mahali pa arifa, na uchague kuinyamazisha. Utaulizwa kwa muda gani: masaa 8, wiki moja, au daima. Wenzako hawataambiwa kwamba umewanyamazisha, kwa hivyo usiogope kuonekana una kiburi. Na mazungumzo ya siri kabisa, kama yale ya mshauri wako au ya kliniki, WhatsApp tangu 2023 ina kufuli yake. Mazungumzo hayo hukaa katika chumba chake, hufunguliwa kwa kidole au namba ya siri, na meseji ikiingia maneno yake hayaonekani.

Michezo yenyewe pia ina gumzo lake ndani. Ludo nyingi, na ile michezo ya vita ambayo vijana wanaipenda kama Free Fire, humruhusu mtu usiyemjua kumwandikia mtoto wako au kuongea naye kwa sauti. Ingia kwenye mipangilio ya mchezo, mara nyingi ni alama ya gia, uzime. Mtoto atalalamika. Mwache alalamike.

Kuna kitu kimoja ambacho njia hizi zote haziwezi kukiahidi kuzuia. Ni kile kidirisha cha M-Pesa kinachotokea katikati ya kioo kikiomba PIN. Mtu yeyote anayejua namba yako na ana njia ya biashara anaweza kukianzisha. Mtoto anayecheza anataka tu kiondoke ili arudi kwenye gemu. Akiwa anajua PIN ya mama, na wengi wanaijua, si mnaona? PIN haifundishwi mtoto, hata yule wa kwanza darasani.

MAMA ALIYENYAMAZISHA KILA KITU

Sasa upande wa pili, maana nisingetaka mwende nyumbani mzime simu zote.

Wauzaji wa omena mnajua maisha yale. Wanaume wanavua usiku kwa taa, na akina mama wanangoja ufuoni alfajiri, beseni kando, baridi inauma. Mama mmoja, mwanachama wa kikundi ninachokitembelea, alikuwa akicheza Ludo na dada yake aliye Nairobi ili asilale. Grupu ya kikundi ilikuwa na maneno mengi usiku huo: salamu, picha za maua, video za vichekesho, na ubishi kuhusu sare. Ubao ukafunikwa mara tatu, dada akashinda. Kwa hasira, mama akanyamazisha grupu ya kikundi, grupu ya mashua, na grupu ya ukoo. Zote akachagua "daima".

Baada ya siku chache, mashua ilishusha omena ufuo mwingine kwa sababu ya upepo. Habari iliandikwa kwenye grupu. Wenzake wakapanda boda wakaenda, yeye akangoja mpaka saa tatu asubuhi na beseni tupu. Wiki hiyo hiyo mkutano wa marejesho ya mkopo ulisogezwa mbele siku moja, hakuja, akatozwa faini. Alipofika mkutano uliofuata alikuwa amewaka. "Mmenificha!" Mwenyekiti akajibu, "Mama, sisi tuliandika. Wewe ndiye uliyejificha." Maneno yakawa makali. Wengine walitaka atoke na hisa zake.

Mimi nilikuwa nimekaa pale na daftari langu nikiwa na aibu, kwa sababu na mimi nimewahi kufanya hivyo. Nilinyamazisha grupu ya ndugu zangu kwa sababu ya picha za asubuhi njema, nikajua shangazi yangu amelazwa siku ya nne. Hakuna wa kulaumiwa ila mimi. Nikawaambia hivyo. Ilisaidia kidogo watu kushuka.

Tulichoamua siku ile ndicho ningependa vikundi vingine vikijaribu. Kikundi kiwe na grupu mbili. Ya kwanza ni ya matangazo, na ndani ya mipangilio yake iwekwe kwamba viongozi peke yao ndio wanaotuma. Humo ziingie habari za mkutano, marejesho, msiba, na mahali mashua inashusha. Basi. Hiyo hakuna mwanachama anayeinyamazisha, na wakaiandika katika kanuni za kikundi. Ya pili ni ya gumzo: salamu, maua, vichekesho, kuku. Hiyo kila mtu anyamazishe akitaka, hata daima, na asiulizwe. Mwenyekiti naye alikubali kwamba tangazo lililozikwa chini ya video arobaini si tangazo. Faini ikafutwa.

Na kuna jambo dogo ambalo katibu alilifurahia sana. Hata kama mtu amenyamazisha grupu, ukiweka alama ya @ na kuchagua jina lake, simu yake inaarifiwa. Ni sawa na yule aliyekuja mbio chini ya mti akamwita mchezaji kwa jina. Lakini mkiita kila mtu kila siku, mtazoeleka na hamtasikika.

Kwa wavuvi jambo hili ni zito zaidi. Ziwa letu huchafuka zaidi usiku na kuelekea alfajiri, saa zile mashua za omena ziko ndani. Idara ya Hali ya Hewa hutoa utabiri wa ziwa wa upepo na mawimbi, na vikundi vya usimamizi wa fuo, wale tunaowaita BMU, huwasambazia wavuvi katika grupu zao. Grupu inayoleta utabiri isichanganywe na mpira. Kama yenu imechanganywa, itengeni hata kesho.

Bado sijagusa ile gemu ya ndege inayopaa, Aviator, ambayo vijana wetu wanacheza. Ina gumzo lake pembeni ambapo watu wanaandika jinsi walivyoshinda. Hao unaona wanaandika; walioliwa wamenyamaza. Kijana mmoja aliniambia amelificha gumzo hilo ili asishawishike. Nikamwambia amefanya vizuri, lakini hiyo ni kamari hata ukiificha kote. Habari hiyo inataka somo lake peke yake, na kwa aliye chini ya miaka 18 sheria imeshakataza.

MASWALI YA KUJADILI KIKUNDINI

Ni nani nyumbani kwako anashika simu yako, na anaweza kuona nini akiwa anacheza?

Hesabuni grupu zote mlizo nazo. Ni zipi ambazo zikinyamaza wiki nzima hamtapoteza kitu, na ni zipi ambazo zikinyamaza usiku mmoja mtu anaweza kupoteza pesa au maisha?

Mwanachama akikosa mkutano kwa sababu hakuona tangazo, kikundi chenu kinamtoza faini au kwanza kinaangalia tangazo lilitolewa vipi? Katibu aandike jibu mtakalokubaliana, mlisome tena mkutano ujao, na siku hiyo mje na simu zikiwa na chaji ili tufanye mazoezi ya vitufe pamoja.