Mbele na Nyuma ya Kamera: Maswali kutoka Kitui na Makueni

Haya ni maswali ambayo wasanii wa vikundi vya maigizo huko Wote, Mwingi na Mutomo, Ukambani nchini Kenya, huyauliza zaidi wanapotaka kuingia kwenye filamu.

Mimi ni mwigizaji. Nikianza kupiga picha na kuhariri, si nitasahaulika?

Hutasahaulika. Mtazame Kisilu Musya, mkulima wa Mutomo, Kitui. Katika Thank You for the Rain, filamu ya hali halisi iliyotoka mwaka 2017, yeye ndiye tunayemfuata tangu shambani kwake hadi Paris, kwenye mkutano wa tabianchi wa 2015. Wakati huohuo alikuwa na kamera mkononi. Kwa takriban miaka mitano alipiga picha za familia yake, majirani na mazao yanayokauka, akishirikiana na mwongozaji Julia Dahr wa Norway. Kisilu hakuwa akiigiza, alikuwa akiishi maisha yake. Lakini ukaribu ule, wa baba aliye ndani ya boma lake mwenyewe, mgeni hawezi kuupata hata awe na vifaa vya bei gani. Ndiyo maana nawasihi wasanii wa Ukambani wasingoje kupigwa picha na watu wengine.

Nianze na kazi gani?

Sauti. Watu huvumilia picha yenye giza kidogo, ila maneno yasiposikika wanaondoka. Ukirekodi ndani ya nyumba ya mabati saa saba mchana, bati linalia kwa joto na kuharibu mazungumzo yote; subiri mpaka litulie. Nje, upepo wa nyanda kavu hupiga maikrofoni mpaka kila kitu kinavuma, kwa hiyo ifunike kwa sifongo na umsogelee msemaji. Vaa hedifoni muda wote. Kabla ya kuondoka, nyamazeni nyote kwa nusu dakika na urekodi utulivu wa mahali hapo. Mhariri ataziba nao mapengo.

Kisha jifunze kuhariri, na hapa mwigizaji anafaidika kuliko mtu yeyote. Ukikaa na picha zako mwenyewe utaona umemdakia mwenzako maneno, hakuna mahali pa kukata. Utaona kikombe kilikuwa mkono wa kulia, mara kimehamia kushoto. Siku ya pili kwenye seti utatulia kidogo kabla ya kusema na baada ya kusema, bila kuambiwa na mwongozaji.

Tuigize kwa Kikamba au Kiswahili?

Kwa lugha ambayo wahusika wangeizungumza kweli. Kama ni mama na mwanawe huko Kibwezi, ni Kikamba. Tafsiri iandikwe chini ya picha.

Tunahitaji leseni?

Ndiyo. Kenya Film Classification Board ndiyo hutoa leseni ya kurekodi filamu, chini ya Sheria ya Filamu na Michezo ya Jukwaani, Sura 222. Ulizeni masharti na ada mapema. Mwenye shamba naye aombwe ruhusa, hata kama ni mjomba wako.

Niliigiza, nikabeba taa, nikahariri. Filamu ilipotoka, jina langu lilikuwa kwenye uigizaji tu. Nifanyeje?

Hili linaniuma, maana kazi ijayo utaipata kwa kuonyesha jina lako kwenye iliyopita. Mtafute mtayarishaji kwa utulivu ukiwa na ushahidi: faili za uhariri, ujumbe mlioandikiana, tarehe. Mwombe arekebishe orodha ya majina kabla filamu haijapelekwa kwenye tamasha au kituo cha televisheni.

Safari ijayo, andikeni karatasi moja kabla kamera haijawashwa: nani anafanya nini, jina lake litaandikwaje, na fedha zikipatikana atapata sehemu gani. Anayefanya kazi tatu aandikwe mara tatu. Kila mmoja atie sahihi na kubaki na nakala yake.