Nyuso za Matangani

Ndugu zetu, somo letu la leo lahusu uso. Wengi wetu tunazo nyuso mbili, mmoja wa nyumbani na mmoja wa hadharani, na hapana mahali ambapo huu wa hadharani huvaliwa ukatimia kama matangani.

Tazameni siku ya hitima. Aliyefiwa husimama mlangoni na kanzu iliyopigwa pasi, akawakaribisha watu kwa uso wa mtu mwenye nafasi, ilhali mchele na mbuzi amekopa, na moyoni ahisabu atalipa kwa miezi mingapi. Nasi wageni twaingia na uso wa huzuni. Twakaa jamvini, twainamisha vichwa, twaitikia amina. Lakini masikio yetu yako uani, yasikiliza masinia. Tukisha kula, huzuni twaiacha pale pale, na tukifika barazani kwetu twasema nyama ilikuwa chache. Kwa kuyaogopa maneno hayo ndipo atakayefiwa kesho naye atakopa.

Zaidi ya hayo (na twayasema tukijihisabu nafsi zetu, kwani tumekula) mara nyingi gharama hutolewa katika mali ya marehemu ambayo haijagawiwa. Mali hiyo yatoka kwanza gharama za maziko na madeni, kisha wasia usiopita thuluthi, kisha haki za warithi, na miongoni mwao huwamo watoto wadogo ambao ruhusa yao haifai kisharia. Suratun Nisaa, aya ya 10, yawaonya wenye kula mali ya mayatima kwa dhuluma kwamba wanakula moto matumboni mwao. Nani katika sisi aliyeuliza kabla ya kunawa mikono, wali huu ni wa nani?

Alipouawa Jaafar bin Abi Talib katika vita vya Muta, mwaka wa 8 Hijria (629), Mtume s.a.w. aliamrisha watu wa nyumba ya Jaafar wapikiwe chakula, kwa kuwa msiba umewashughulisha. Hadithi hii imo katika Abu Daud na Tirmidhi. Sisi tumeigeuza: wafiwa ndio wapishi, majirani ndio wageni.

Husemwa kuwa ni aibu mtu kutopika. Aibu mbele ya nani? Mbele yetu sisi tuliokaa jamvini. Basi ni sisi tuwezao kuiondoa. Akifa jirani na tupeleke sufuria, kisha turudi makwetu. Na tukialikwa hitima, tumuulize mwenyewe faraghani, kwa upole, gharama zimetoka wapi. Akitujibu kwa ule uso wake wa mlangoni kwamba hapana neno, tumuulize tena.