Dhana ya Barzakhi katika Filamu ya Mantas Kvedaravičius

Filamu ya hali halisi iitwayo Barzakh (2011), ya Mlithuania Mantas Kvedaravičius, inahusu jamaa za watu waliotoweka Chechnya. Jina lake ni neno la Kiarabu litumiwalo pia na Waislamu wazungumzao Kiswahili: barzakhi, makazi ya roho baina ya kifo na kiyama. Mwongozaji amelihamishia kwa walio hai. Aliyetoweka haitwi marehemu, kwani kifo chake hakijathibitika. Wala haisemwi kwa yakini kuwa yupo. Hivyo jamaa zake hukosa hata njeo ya kumzungumzia, na matanga hayaanuliwi kwa kuwa hayakuwekwa. Kvedaravičius mwenyewe aliuawa Mariupol, Ukraine, mwaka 2022. Maiti yake ikarejeshwa Lithuania. Wale aliowapiga picha walikosa hata hilo.