Somo Letu: Misa ya Wafu Iliyoimbwa Coventry

Ndugu wasomaji, tumezoea kudhani kwamba kazi ya muziki wa kanisani ni kutuliza moyo tu. Leo tutazame muziki uliokataa kuwatuliza watu kabla ya kuwaambia ukweli.

Usiku wa tarehe 14 Novemba, 1940, ndege za Ujerumani ziliupiga mabomu mji wa Coventry, Uingereza. Kanisa Kuu la Mtakatifu Mikaeli liliteketea, zikabaki kuta na mnara. Kanisa jipya lilijengwa kando ya magofu hayo, likawekwa wakfu tarehe 25 Mei, 1962. Siku 5 baadaye iliimbwa humo kwa mara ya kwanza kazi ya Benjamin Britten iitwayo War Requiem, yaani Misa ya Wafu wa Vita. Britten alikuwa mtu aliyekataa kushika silaha.

Hakutunga wimbo wa ushindi. Aliyachukua maneno ya Kilatini ya Misa ya Wafu, akayachanganya na mashairi ya Wilfred Owen, askari Mwingereza aliyeuawa tarehe 4 Novemba, 1918, juma moja tu kabla ya vita ile kwisha. Kwaya inaomba pumziko la milele; mwimbaji wa peke yake anajibu kwa habari za mizinga.

Tufungue Mwanzo 22. Ibrahimu alizuiwa, akamtoa kondoo dume badala ya mwanawe. Katika shairi la Owen mzee anamkataa kondoo, anamchinja kijana, na pamoja naye nusu ya vijana wa Ulaya. Wakati huo huo wavulana wanaimba kwa mbali juu ya sadaka. Hapo hatuwezi kusikiliza bila kushtuka.

Britten alitaka waimbaji watatu: Mwingereza, Mjerumani na Mrusi. Serikali ya Kisovieti ilimzuia Galina Vishnevskaya kwenda, akaimba Heather Harper mahali pake. Hata wimbo wa upatanisho uliguswa na siasa.

Mwishoni askari wawili maadui wanakutana baada ya kufa. Mmoja anamwambia mwenzake waziwazi kwamba ndiye aliyemwua. Kisha wanapumzika pamoja, na waimbaji wote wanaunganisha sauti.

Basi tujifunze hili: kusamehe si kuficha lililotendeka. Kwanza kosa hutajwa, ndipo amani huja.

Maswali ya kuzungumzia:
1. Kwa nini magofu hayakuondolewa mbele ya kanisa jipya?
2. Tunapowaombea waliouawa, je, tunawaombea na wa upande wa pili?