Jina Moja, Mahali Pengi

Ukiambiwa, "Mgonjwa wako yuko Ruaha, njoo upesi," utakwenda wapi?

Ruvaha ni neno la Kihehe. Maana yake ni mto. Ndiyo maana jina la Ruaha liko mahali pengi. Mto Ruaha Mdogo hupita kando ya mji wa Iringa, kisha huingia katika Ruaha Mkuu. Hifadhi ya Taifa ya Ruaha, iliyoanzishwa mwaka 1964, ilipewa jina la mto huo. Katika bonde lake lenye mibuyu mingi kuna kijiji cha Ruaha Mbuyuni, mkoa wa Iringa. Karibu na Kidatu, mkoa wa Morogoro, pako mahali pengine panapoitwa Ruaha!

Ukikosea, nauli imekwisha na mgonjwa bado anakungoja.

Basi angalia: neno la pili ndilo linalotuonyesha njia. Mkuu, Mdogo, Mbuyuni. Usiliache. Unapotuma ujumbe, andika pia kata, wilaya na mkoa.

Zoezi
1. Taja bonde, korongo au kilima cha kwenu ambacho jina lake liko pia mahali pengine.
2. Mwandikie mgeni namna ya kufika kwako asipotee.